Mwaka wa mbegu usigeuzwe mwaka wa mavuno

Katika kata ya Mabawa mjini Tanga, kama ilivyo Makorora, Ngamiani na Chumbageni, si habari ngeni tena kusikia kwamba kijana wa nyumba fulani amekwenda nchi ya nje, na kwamba hakwenda kusoma wala kuajiriwa, bali amekwenda kuanzisha kampuni yake mwenyewe. Mmoja huwa Nairobi, ambako yeye na wenzake wawili wanatengeneza programu ya simu ya kuwaunganisha wenye maduka na wenye bohari. Mwingine huwa Dubai, akipokea mizigo ya wafanyabiashara wa nyumbani na kuisafirisha. Wa tatu huwa Uingereza, akitafuta njia ya kuwarahisishia Waafrika wa huko kulipa karo, saruji na dawa kwa ajili ya jamaa zao waliobaki nyumbani.

Kampuni za namna hii huitwa kampuni changa, na jina hilo limekaa mahali pake. Kitu kichanga hakipimwi kwa mzani wa kitu kizima. Hata hivyo, mwaka mmoja unapotimia tangu kijana aondoke, swali linaloulizwa barazani, msibani na hata ofisini huwa moja tu: "Ameleta nini?" Kama hakuleta kitu, huhesabiwa kwamba amepotea. Kama ameleta, hupongezwa, wala hapana anayeuliza alicholeta kimetoka wapi.

Swali hilo si dogo. Laweza kuiua kampuni kabla ushindani wa soko haujaigusa. Tena lawahusu sana watumishi wa serikali na walimu, kwa sababu mtaji wa mtoto wa mtu wa mshahara haukushuka kutoka mbinguni. Umetokana na mkopo wa SACCOS aliouchukua mama mwalimu, au kiinua mgongo cha baba mstaafu, au hati ya nyumba iliyowekwa rehani benki. Mtaji huo ukipotea, haipotei ndoto ya kijana peke yake. Hukatwa mshahara wa mtu mwingine kwa miaka kadhaa. Ndiyo maana yafaa watu hao wajue mwaka wa kwanza wa kampuni ugenini ni mwaka wa namna gani, na unapokwisha waulize swali gani.

KAMPUNI MBILI ZA MWAKA 1893

Mwambao wa Tanga una mfano wake wa kale katika jambo hili, usiohitaji kuagizwa kutoka California. Mwaka 1893 kampuni mbili za Kijerumani zilianza kazi mbili mpya katika mwambao huu, kila moja ikiwa mgeni katika nchi isiyo yake.

Ya kwanza ilikuwa kampuni ya reli. Mwaka huo ilianza kutandika njia kutoka Tanga mjini kuelekea bara, kwa shabaha ya kuifikia milima ya Usambara na nchi iliyo mbele yake. Ilikuwa na fedha, mainjinia, vyuma vilivyoletwa kwa meli, na mipango mikubwa iliyochorwa Ujerumani. Reli ilifika Muheza mwaka 1896, umbali wa kilometa 40 hivi, na hapo kampuni ikaishiwa fedha. Kazi ikasimama. Mwaka 1899 ilibidi serikali ya kikoloni iichukue reli hiyo na kuiendeleza, nayo ikafika Korogwe mwaka 1902, Mombo mwaka 1905 na hatimaye Moshi.

Ya pili ilikuwa Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki. Mtaalamu wake wa kilimo, Dr. Richard Hindorf, aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka Florida, Marekani. Miche hiyo ilizungushwa kupitia Hamburg, na ilipofika huku iliyobaki hai ilikuwa 62 tu. Mingine 938 ilikuwa imekufa. Hiyo 62 ikapandwa Kikogwe, jirani na Pangani.

Lau mtu angalifika Kikogwe mwaka mmoja baadaye na kuuliza, "Mmeleta nini?", jibu la haki lingalikuwa: hakuna. Mkonge haukatwi kabla ya kupita miaka 3 hivi, na hata ungalikuwa tayari, majani ya mimea 62 ni kazi ya muda mfupi tu kwa mashine ya korona. Machoni pa watu wa wakati huo, kampuni ya reli ndiyo iliyoonekana kufanya kazi kubwa. Ilikuwa na vibarua, kelele, vyuma na tuta lililoonekana kwa macho. Ile nyingine ilikuwa na kijishamba.

Lakini mimea ile ilikuwa ikizaa miche, na miche nayo ikizaa mingine. Historia ya zao hilo hutaja kwamba kufikia mwaka 1898 mimea ilikuwa imefika 63,000. Ilipita takriban miaka 7 tangu kupandwa kwa ile 62 ndipo shehena ya kwanza ya singa, nayo ndogo mno, ikasafirishwa kwenda kuuzwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Tanganyika ilikuwa ikitoa zaidi ya tani 200,000 za singa kwa mwaka na kuongoza ulimwengu mzima katika zao hilo. Na reli ile iliyokwama Muheza ikaja kupata mzigo wa kubeba kutoka katika mashamba ya mkonge yaliyoenea kandokando yake.

Tofauti ya kampuni hizo mbili haikuwa ya bidii. Reli ilitumia mtaji wake wote kwa haraka katika kitu ambacho mteja wake, yaani mzigo, alikuwa bado hajawapo. Mkonge ulitumia mwaka wake wa kwanza kujibu swali moja tu: je, mmea huu utaishi katika udongo huu? Swali hilo halikuwa la mzaha. Kahawa iliyopandwa na wageni haohao huko Usambara Mashariki haikuleta faida waliyoitarajia, baada ya gharama kubwa kutumika. Kampuni iliyokwisha jua kwamba mche wake unaishi imepata kitu kikubwa, hata kama ghala lake ni tupu. Kampuni isiyojua hilo, hata ikiwa na jengo na gari, inakwenda Muheza.

GHARAMA ILIYOLIPWA NA WENGINE

Mfano huo, hata hivyo, haufai kumezwa mzima. Mwalimu wa historia atauliza mara moja: subira ya kampuni ile ililindwa na nini? Jibu lajulikana Pangani. Kampuni hiyohiyo ilipojaribu kuutawala mwambao mwaka 1888, watu waliinuka chini ya Abushiri bin Salim. Vita vikapiganwa, na Abushiri akanyongwa Pangani mwezi Desemba 1889. Miche ya Kikogwe ilipandwa miaka 4 tu baadaye, katika nchi iliyotulizwa kwa mizinga. Na mashamba yalipopanuka, singa zile zilikatwa na manamba waliotoka mbali, kutoka Kigoma, Songea, hata Burundi, wakifanya kazi kwa kipande cha siku 30 ambacho mfanyakazi hakulipwa mpaka kijae. Faida ilivuka bahari. Ndiyo maana baada ya Azimio la Arusha mwaka 1967 mashamba mengi ya mkonge yalitiwa mikononi mwa umma.

Kijana wa Mabawa aliyeko ugenini hana manowari wala askari wa kumlindia subira yake, na hapana mtu mwenye akili timamu anayetaka awe navyo. Basi subira yake italindwa na nini? Italindwa na vitu viwili tu: uaminifu wa watu waliomkopesha huku nyumbani, na nafasi atakayopewa na wenyeji wa huko aliko.

Kuhusu wenyeji, Tanga ina mfano mwingine ulio bora kuliko ule wa mwaka 1893. Katikati ya miaka ya 1990 ilianzishwa kampuni ya maziwa ya Tanga Fresh, ambayo ndani yake wafugaji wa Kiholanzi walishirikiana na chama kikuu cha ushirika wa wafugaji wa Tanga, TDCU. Wageni walikuja na mtaji na ujuzi wa kiwanda. Wenyeji, wengi wao wakiwa na ng'ombe wachache tu nyuma ya nyumba, walikuja na maziwa, na kupitia ushirika wao wakawa wenye hisa. Mgeni wa namna hiyo hahitaji kulindwa kwa bunduki, kwani mwenyeji mwenye hisa huilinda kampuni kama mali yake. Wahenga walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Kijana anayeanzisha kampuni Nairobi au Kigali ni heri ajiulize mapema ni mwenyeji gani ameshika jembe pamoja naye. Asipokuwapo hata mmoja, kampuni hiyo itabaki kuwa hema, upepo ukivuma hung'oka.

MTEJA NDIYE MWALIMU

Jambo la pili ambalo mwaka wa kwanza hulifanya ni kumfundisha mwenye kampuni kwamba hakijui kile anachokiuza. Mfano uko kwa jirani. Mwezi Oktoba 2005 kampuni ya Vodafone ya Uingereza, ikishirikiana na Safaricom, ilianza kufanya majaribio huko Thika na Nairobi. Shabaha ilikuwa nyembamba: watu waliokopa katika taasisi ya mikopo midogo walipe marejesho yao kwa kutumia simu. Wataalamu waliotoka Uingereza walikuwa na mpango ulioandikwa vizuri, na fedha za msaada kutoka serikali ya nchi yao.

Wateja hawakuufuata mpango huo. Walianza kutumiana fedha wao kwa wao. Wengine waliweka fedha katika simu asubuhi, wakasafiri, na kuzitoa jioni mahali pengine ili wasiibiwe njiani. Mkopo, ambao ndio ulikuwa kiini cha mpango, ukawa jambo la pembeni. Walioanzisha kazi hiyo wangeweza kukasirika na kuwarudisha watu kwenye mstari. Badala yake waliutazama mwenendo huo, wakauacha mpango wa mkopo, na mwezi Machi 2007 huduma ilipotangazwa rasmi kwa jina la M-PESA ilikuwa huduma ya kutuma fedha nyumbani. Mwaka 2008 huduma hiyo ikaingia Tanzania. Leo hapana mtumishi wala mwalimu asiyejua maana yake.

Mtanzania pia amepita njia ya namna hiyo. Kampuni ya NALA, iliyoanzishwa na Benjamin Fernandes, ilianza na programu ya kurahisisha malipo ya simu hapa nchini, kisha ikageukia kazi ya kuwawezesha watu walioko Uingereza, Marekani na nchi nyingine za Ulaya kutuma fedha Afrika. Kilichojulikana mwanzoni hakikutupwa. Kujua jinsi fedha za simu zinavyokwenda Afrika Mashariki ndiko kulikogeuka kuwa mtaji ng'ambo.

Mzazi anayesikia kwamba mwanawe "amebadili biashara" baada ya miezi 9 hushtuka na kudhani kwamba kijana hana msimamo. Huenda ni kweli, na huenda si kweli. Kubadili kwa sababu ya uchovu ni udhaifu. Kubadili kwa sababu wateja wameonyesha kwa vitendo kwamba wanahitaji kitu kingine ni elimu iliyolipiwa ada. Tofauti ya mambo hayo mawili hujulikana kwa kuuliza swali moja: "Ni wateja gani waliokuonyesha hivyo, na walifanya nini?" Mwenye elimu atajibu kwa mifano, lakini aliyechoka atajibu kwa maneno ya matumaini.

SHERIA ZA WENYEJI

Aidha, kampuni ya ugenini huishi kwa ridhaa ya sheria za watu wengine, nazo sheria hizo zina saa yake. Uingereza, kwa mfano, mgeni aliyepewa viza ya kuanzisha biashara ya ubunifu, iliyoanza kutolewa mwezi Aprili 2023, sharti aithibitishiwe biashara yake na taasisi iliyoidhinishwa, na taasisi hiyo humwita kumkagua baada ya miezi 12 na tena baada ya miezi 24. Hapo haulizwi ametuma kiasi gani nyumbani. Huulizwa biashara imepiga hatua gani. Dubai leseni ya biashara huhuishwa kwa ada, na siku ya ada haingoji mteja alipe. Katika Jumuiya ya Afrika Mashariki, Itifaki ya Soko la Pamoja iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2010 imeahidi haki ya raia wa nchi mwanachama kuanzisha shughuli katika nchi nyingine, lakini ahadi hiyo huenda pamoja na ratiba na masharti ya kila nchi.

Hapana sababu ya kulalamika kwamba wageni hubanwa. Tanzania nayo, mwezi Julai 2025, ilitoa amri ya kuwazuia wasio raia kufanya biashara za aina 15, zikiwamo uwakala wa fedha za simu, ufundi wa simu na uongozaji wa watalii, na wapo majirani ambao hawakufurahi. Kila nchi huwalinda watu wake kwa namna inayoona inafaa. Funzo kwa kijana ni kwamba mlango unaoweza kufungwa Kariakoo waweza kufungwa vilevile Gikomba au Deira. Anayejenga kampuni yake yote juu ya mwanya mmoja wa sheria ya ugenini amejenga juu ya mchanga wa pwani.

Lipo pia jambo la uraia. Sheria ya Tanzania hairuhusu mtu mzima kuwa na uraia wa nchi mbili. Kijana anayeshawishika kuchukua pasipoti ya ugenini ili biashara yake iende kwa wepesi yapasa ajue kwamba siku atakaporudi Tanga atahesabiwa kuwa si raia, na zile biashara 15 zitamhusu yeye pia. Huo ni uamuzi wa maisha, haufai kufanywa kwa haraka katika mwezi wa kumi wa kampuni changa.

Vivyo hivyo, vijana wengi wa Afrika huandikisha kampuni mama katika jimbo la Delaware, Marekani, kwa kuwa wenye mitaji hupenda sheria wanazozifahamu. Kufanya hivyo peke yake si uhaini wala wizi. Lakini ikiwa wateja wako Tanga, wafanyakazi wako Tanga, na hisa zote pamoja na haki ya kazi iliyobuniwa ziko Delaware, basi mtu aliyesoma habari za singa za mkonge ana haki ya kuuliza safari hii faida itavukia bandari gani. Kijana mwaminifu atakuwa na jibu: kodi gani inalipwa wapi, ajira ngapi ziko nyumbani, na hisa za nani zimeandikwa wapi.

KULA MBEGU

Hata hivyo, hatari kubwa kupita zote hizo haitoki Delaware wala Dubai. Inatoka nyumbani. Kijana amepewa mtaji wa kutosha miezi 14. Mwezi wa tatu mjomba anaugua. Mwezi wa tano kuna arusi ya binamu, na mchango wa mtu aliyeko nje hauwezi kuwa sawa na wa mtu aliyeko Duga. Mwezi wa nane paa la nyumba linavuja. Mwezi wa kumi na moja Idi au Krismasi imefika. Kila ombi, likitazamwa peke yake, ni la haki. Yakijumlishwa, mtaji wa miezi 14 umekwisha kabla ya wakati wake, na fedha zilizotumwa hazikuwa faida hata senti moja. Zilikuwa mbegu.

Ubaya wa jambo hili ni kwamba pande zote mbili hulifanya kwa mapenzi. Mama hapokei kwa tamaa. Anaamini mwanawe amefanikiwa. Kijana hatumi kwa ujinga; anaogopa aibu ya swali lile la "Ameleta nini?" Basi anatuma, na akiisha kutuma hawezi tena kusema kweli kuhusu hali ya kampuni, maana fedha alizotuma zimekwisha toa ushahidi kinyume chake. Siku kampuni inapofunga, mama anastaajabu: "Mbona mambo yalikuwa mazuri?" Na kwenye hati ya mshahara wake makato ya SACCOS yanaendelea.

Wakazi wa mwambao wa zamani walikuwa na hekima katika jambo hili, kwa kuwa upepo uliwafundisha. Wafanyabiashara wa majahazi kutoka Uarabuni na Bara Hindi walishuka na kaskazi na kurudi na kusi. Aliyeuza bidhaa zake akachelewa kusi alikaa ugenini mpaka msimu mwingine. Jamaa zake hawakuweza kumwita kwa barua, kwani barua isingegeuza upepo. Walijua kwamba biashara ya ng'ambo ina msimu wake, na nyumba ilipangwa iweze kuishi mpaka jahazi lirudi. Mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani, lakini hatakiwi kurudi kabla safari haijafanya kazi yake. Simu ya leo imeufuta umbali, haikuufuta msimu. Fedha zaweza kufika Mabawa kwa dakika moja, lakini mche bado wataka miaka yake.

Dawa ya jambo hili si ukali. Ni mapatano yanayofanywa kabla kijana hajapanda basi au ndege. Familia iketi na kuandika: mtaji ni kiasi gani; ni wa mkopo, zawadi au hisa; kijana atajilipa posho gani ya kuishi; na kutoka katika posho hiyo, si katika mtaji, atatuma nini kama ataweza. Fedha ya mtaji ikae katika akaunti yake. Mjomba akiugua, atatibiwa kwa mchango wa wote, na kijana atachanga kwa kadiri ya posho yake kama mshahara wa mtu mdogo. Mapatano ya namna hiyo huwaondolea wazee fadhaa, na humwondolea kijana sababu ya kudanganya.

MASWALI YA MWISHO WA MWAKA

Basi mwaka ukitimia, badala ya "Ameleta nini?" yafaa yaulizwe maswali manne.

La kwanza: mche umeishi? Yaani, wapo watu, hata wawe 62 tu, wanaokilipia kitu hicho na kurudi tena bila kusukumwa? Wateja 62 wanaorudi ni wengi kuliko 1,000 waliojaribu mara moja wakaondoka.

La pili: vitabu viko wapi? Leja, urari na mizania si mambo ya mtihani peke yake. Kijana asiyeweza kuonyesha fedha ziliingia kiasi gani, zikatoka kwa lipi na zimebaki ngapi hastahili mwaka wa pili hata kama maneno yake ni matamu. Aliyepata hasara lakini vitabu vyake ni safi anastahili kusikilizwa.

La tatu: ni nani mwingine aliyejifunza kazi? Kampuni inayojulikana kichwani mwa mtu mmoja itakufa kwa homa ya mtu mmoja. Mkonge uliletwa na wageni, lakini ujuzi wake uliota mizizi hapa, mpaka kituo cha utafiti cha Mlingano kikazalisha chotara namba 11648, ambaye amepandwa hadi China. Ujuzi uliogawiwa ndio unaodumu baada ya mwenyewe kuondoka.

La nne: kama kampuni itafungwa, itafungwaje? Swali hili huogopwa kama mkosi, lakini ni la heshima. Wafanyakazi watalipwa nini, mkopo utarudishwa na nani, na leseni itafutwa lini ili madeni yasiendelee kukua? Kampuni ya reli haikuwa na jibu zuri ilipofika Muheza, na mzigo ukawaangukia wengine. Kijana anayejua kufunga kwa utaratibu anaweza kuaminiwa kufungua tena.

WAJIBU WA OFISI NA WA DARASA

Watumishi wa umma wana sehemu yao katika haya. Kijana aliyeko ng'ambo huhitaji cheti cha kuzaliwa, uthibitisho wa kitambulisho cha taifa, barua ya BRELA, au mhuri juu ya nakala ya shahada. Kwa mtu aliyeko mezani hiyo ni karatasi moja kati ya nyingi. Kwa kampuni changa yenye mtaji wa miezi 14, karatasi iliyolala wiki 6 imekula zaidi ya mwezi mmoja wa uhai wake. Hapana anayedai kwamba apendelewe. Inatosha ajibiwe kwa wakati, hata kama jibu ni la kukataa.

Walimu nao wameshika ufunguo mkubwa zaidi. Mtaala ulioboreshwa wa mwaka 2023 umelipa somo la Elimu ya Biashara nafasi yake katika shule za sekondari. Somo hilo likifundishwa kwa kukariri maana ya maneno, litazaa vijana wanaoweza kufafanua "mtaji" na wasioweza kuutunza. Likifundishwa kwa mfano wa genge la mtaa, duka la shule, au kampuni mbili za mwaka 1893 zilizoanza hapahapa mwambaoni, mwanafunzi wa Tanga atatoka akijua kwamba mwaka wa kwanza ni wa kujua kama mche utaishi, na kwamba aliyekula mbegu hana haki ya kuulaumu udongo.

Mabawa haiwezi kuwazuia vijana wake wasiende, wala haina sababu ya kufanya hivyo. Inachoweza kufanya ni kuwapeleka wakiwa wameandikiana mapatano, kuwangoja kwa subira yenye hesabu, na kuwauliza maswali ambayo mtu mkweli anaweza kuyajibu bila kutuma fedha. Kijana atakayerudi na vitabu safi, wateja wachache wa kweli na deni linalojulikana ameleta kitu. Wazee wake wamkaribishe, wavifungue vitabu hivyo, na wavisome pamoja naye.